Neno "Mtihani" na Ndugu Zake: Asili, Maana na Matumizi

Katika lugha ya Kiingereza mna kivumishi kimoja adimu ambacho hata Waingereza wenyewe walio wengi huishi wasikitamke: "docimastic". Maana yake ni kitu kinachohusu kutahini, yaani kupima na kuthibitisha kama jambo, chombo au mtu ni wa kweli au si wa kweli. Ni neno la kamusi kubwa, si neno la sokoni. Hata hivyo, tukilifuata hadi asili yake tunakuta jambo linalotuhusu sana sisi walimu wa Kiswahili. Wayunani, Warumi na Waarabu, kila taifa kwa neno lake lenyewe, walipotafuta jina la mtihani hawakwenda kulitafuta chuoni. Walilichukua kwa mfua fedha na dhahabu, kwenye moto wake na mizani yake.

Katika makala haya tunakusudia kueleza mambo matatu. Kwanza, asili ya kivumishi hicho cha Kiingereza na ya neno letu "mtihani". Pili, jinsi neno hilo la Kiarabu lilivyovikwa nguo za Kibantu. Tatu, jinsi linavyokutana na maneno ya jirani hapa Kamukuzi mjini Mbarara, na katika makazi ya wakimbizi ya Nakivale, ambako mitihani si jambo la shule peke yake. Mwishoni tutatoa mapendekezo machache kwa walimu wenzetu.

1. Mpima sarafu wa Athens

"Docimastic" limetokana na Kiyunani. Wayunani wa kale waliiita sarafu iliyokubaliwa baada ya kupimwa "dokimos"; kitendo cha kuipima wakakiita "dokimasia", na mpimaji wakamwita "dokimastes". Habari za mpimaji huyo tunazipata katika jiwe la sheria lililofukuliwa mjini Athens mwaka 1970. Sheria yenyewe ilipendekezwa na mtu aliyeitwa Nikophon mwaka 375/4 kabla ya Kristo. Inaeleza kwamba mpima sarafu, ambaye alikuwa mtumwa wa umma, aketi sokoni kati ya meza za wabadili fedha, ili mwenye shaka na sarafu yake amletee. Sarafu ya Athens ikithibitishwa kuwa ni fedha safi, hakuna mfanyabiashara aliyeruhusiwa kuikataa. Aliyeikataa alinyang'anywa bidhaa zake. Ikionekana kuwa ndani ni shaba au risasi na fedha imepakwa nje tu, ilikatwa papo hapo isipate kuzunguka tena.

Jambo linalotushangaza zaidi katika sheria hiyo ni hili: mpimaji mwenyewe aliwekewa adhabu. Asipoketi mahali pake, au asipopima kama sheria ilivyoagiza, alistahili mapigo hamsini ya mjeledi. Hapana shaka adhabu hiyo ni ya kikatili, tena ni ya zama za utumwa, nasi hatuisifu. Lakini fikra iliyo nyuma yake yafaa kuzingatiwa: anayepima huulizwa kuhusu kipimo chake, kama vile anayepimwa anavyoulizwa kuhusu ubora wake.

Kutoka kwenye sarafu neno hilo likahamia kwa watu. Kijana wa Athens alipofikia umri wa miaka kumi na minane, watu wa mtaa wake walimkagua kama kweli ametimiza umri na kama ni mtoto halali wa raia huru. Kadhalika mtu aliyechaguliwa kwa cheo kikubwa hakukishika mpaka apite dokimasia. Aristotle na wanafunzi wake wametuachia orodha ya maswali aliyoulizwa: baba yako ni nani na ni wa mtaa gani, baba yake babako ni nani, mama yako ni nani na baba yake ni nani, makaburi ya wazee wako yako wapi, je, unawatendea wazazi wako wema, unalipa kodi, umetumika vitani? Kisha akatakiwa kuleta mashahidi. Hatukuti hapo swali hata moja la elimu ya vitabuni. Mtihani wa kwanza ulikuwa wa kujua mtu ametoka wapi na kama anaaminika.

Warumi nao walikuwa na neno lao, "examen", na moja ya maana zake ilikuwa ule ulimi wa mizani unaoonyesha upande uliolemea. Hilo ndilo lililozaa neno la mtihani katika Kifaransa na Kiingereza. Neno jingine la Kiingereza, "test", chanzo chake ni chungu cha udongo walichotumia wapimaji madini kuchomea fedha ili taka zijitenge. Kwa hiyo hata mwalimu wa leo anayewapa wanafunzi wake "testi" fupi ya Ijumaa anataja, pasipo kujua, chombo cha sonara.

Kivumishi "docimastic" chenyewe kilibaki karibu na madini na dawa, kikimaanisha kinachohusu upimaji wa ubora wake. Katika karne ya ishirini mzizi wake ulirudi shuleni. Mwanasaikolojia Mfaransa, Henri Piéron, alibuni jina "docimologie" kwa elimu inayochunguza mitihani yenyewe. Mwaka 1935 Hartog na Rhodes walichapisha Uingereza matokeo ya uchunguzi wa namna hiyo. Walichukua karatasi 15 za historia zilizokuwa zimepewa alama sawa hapo kwanza, wakawapa watahini wazoefu wazisahihishe upya. Alama zikatofautiana sana. Baada ya mwaka na zaidi watahini wale wale walipewa karatasi zile zile, na mara nyingi walitoa uamuzi usiolingana na wao wenyewe wa kwanza. Ulimi wa mizani, kumbe, nao una mtikisiko.

2. Moto wa Waarabu

Sasa tugeukie neno letu. "Mtihani" limetoka katika neno la Kiarabu "imtihan", na mzizi wake ni herufi tatu: mim, ha na nun. Wanakamusi wa Kiarabu wa kale wanaeleza kwamba moja ya maana za mzizi huo ni kusafisha fedha kwa moto, yaani kuiyeyusha mpaka taka zake zitoke na kubaki iliyo safi. Kutoka hapo ndipo ikaja maana ya kumjaribu mtu kwa taabu, na baadaye kumjaribu kwa maswali.

Neno hilo lina ndugu ambaye hatukumtarajia. Neno "fitina", ambalo Kiswahili kinalitumia kwa uchochezi na ugomvi, nalo asili yake katika Kiarabu ni kuitia dhahabu motoni ili ijulikane safi na iliyochanganywa. Maana ikasogea: moto ukawa majaribu, majaribu yakawa misukosuko, na misukosuko ikawa mfarakano wa watu. Basi mtihani na fitina zimetoka tanuri moja. Mmoja ameingia shuleni akavaa joho. Mwingine amebaki mtaani akagombanisha majirani.

Katika Kurani mzizi wa mtihani umetumika kama kitendo mara mbili tu. Mahali pamojawapo ni katika sura ya 60, ambayo jina lake ni Al-Mumtahana, maana yake 'mwanamke anayetahiniwa'. Tukio linalohusika ni la baada ya mkataba wa Hudaybiyya wa mwaka 628. Wanawake walikuwa wakitoroka Makka na kukimbilia Madina wakisema kwamba wameamini. Agizo likatolewa kwamba watahiniwe, na wakijulikana kuwa ni waaminio kweli wasirudishwe walikotoka. Kwa hiyo mtahiniwa wa kwanza tunayemkuta katika kitabu hicho hakuwa mwanafunzi. Alikuwa mkimbizi. Tena wako wanaolisoma jina la sura hiyo Al-Mumtahina, yaani 'inayotahini'. Mabadiliko ya irabu moja fupi yanamgeuza mtahiniwa kuwa mtahini, na herufi zinazoandikwa zikabaki zile zile.

Mzizi huo ulipata pia kutumiwa kwa jeuri. Mwaka 833 Khalifa al-Ma'mun wa Baghdad aliamuru makadhi na wanazuoni waulizwe mmoja mmoja kama wanakubali kwamba Kurani imeumbwa. Aliyekataa alinyimwa kazi au alifungwa. Ahmad ibn Hanbal alishikilia msimamo wake, akafungwa na kupigwa mijeledi. Wanahistoria wanakiita kipindi hicho "mihna", neno la mzizi ule ule. Hapo tunaona sura nyingine ya mtihani: swali ambalo jibu lake limekwisha kuamuliwa na mwenye nguvu, na anayeulizwa hapimwi bali analazimishwa.

3. Neno lilivyovaa Kiswahili

Lilipofika pwani yetu, neno "imtihan" lilipoteza irabu yake ya mwanzo, likapata irabu ya mwisho, likawa "mtihani". Hadi hapo hakuna ajabu. Ajabu ni yaliyofuata. Masikio ya Mswahili yaliisikia ile m ya mwanzo kama kiambishi cha ngeli, mithili ya m katika "mti" na "mkono", na wingi wake ukawa "mitihani". Kumbe katika Kiarabu m hiyo ni mfupa wa neno, herufi ya kwanza ya mzizi; nayo t iliyofuata ndiyo iliyopachikwa tu kwa sababu za sarufi. Kiswahili kikauvua mfupa kikaufanya nguo. Kitenzi kilipoundwa kikawa "-tahini": mzizi wa herufi tatu umebakiwa na mbili, na t iliyokuja kama mgeni imekuwa mwenye nyumba. Ni kisa kile kile cha "kitabu", ambacho ki yake ni sehemu ya mzizi wa Kiarabu, lakini sisi twasema "vitabu" bila wasiwasi.

Hilo si kosa la lugha. Ni dalili ya lugha yenye nguvu ya kumeza inachokopa. Kutokana na shina hilo jipya tumepata "mtahini", "mtahiniwa", "watahiniwa" na "utahini", maneno yanayojengwa kwa taratibu za Kibantu tupu. Anayejifunza lugha atahadhari tu asichanganye "kutahini" na "kutahiri", maana tofauti ya herufi moja hapo si jambo dogo.

Kiswahili hakikuacha maana ya zamani ya neno hilo. Mtu aliyefiwa, aliyeunguliwa nyumba au aliyepatwa na maradhi marefu husema, "Huu ni mtihani," na msikilizaji haulizi ni wa somo gani. Maana ya moto na maana ya karatasi zinaishi pamoja katika neno moja.

Tuwatazame na majirani wa neno hilo katika kazi yetu. "Tathmini" imetoka katika mzizi mmoja na "thamani", nao ni mzizi wa bei; kutathmini ni kukitia kitu bei yake. "Kusahihisha" imetoka katika "sahihi", ambalo kwa Kiarabu ni kitu kizima na pia mtu mwenye afya. Basi anayesahihisha madaftari anayaponya, hayajeruhi kwa wino mwekundu. "Kuhitimu" imetoka katika neno la muhuri, yaani kutia muhuri wa mwisho, na watu wa pwani wanalijua katika hitima. "Usaili" umetoka katika kuuliza maswali. Wengi huandika "usahili" wakikusudia usaili, ilhali usahili ni wepesi wa jambo, na wasailiwa wenyewe watashuhudia kwamba usaili hauna usahili.

Hapo ndipo tunapoweza kujibu swali ambalo wanafunzi wa tafsiri huuliza: kivumishi kama "docimastic" kitafsiriwe vipi? Jawabu ni kwamba Kiswahili hakihitaji kutunga kivumishi kwa kila jina. Kina kiunganishi cha -a kinachofanya kazi hiyo kwa wepesi: chumba cha mtihani, karatasi ya mtihani, homa ya mtihani. Pale tunapotaka maana pana ya elimu ya kutahini, "-a utahini" yatosha: kanuni za utahini, taaluma ya utahini. Uchache wa vivumishi katika lugha za Kibantu usichukuliwe kuwa umaskini. Ni njia nyingine ya kujenga maana.

4. Kamukuzi na Nakivale: maneno yanapokutana

Kamukuzi ni kilima na mtaa wa Mbarara, mji mkubwa wa Ankole. Hapo palikuwa na jumba la Omugabe, mfalme wa Ankole, mpaka falme za Uganda zilipofutwa mwaka 1967. Falme nyingine ziliporejeshwa mwaka 1993, wa Ankole haukurejeshwa. Mbarara ulipandishwa hadhi ya jiji mwaka 2020. Kwa miaka mingi Kiswahili kilisikika hapa zaidi kama lugha ya askari wa kambi ya jeshi na ya madereva wa malori, na sifa hiyo iliwafanya wenyeji wengi wakiogope. Lakini kwa mwendo wa kilomita zipatazo 60 kutoka mjini, katika wilaya ya Isingiro, yako makazi ya Nakivale yaliyoanza mwishoni mwa miaka ya 1950 kwa ajili ya Wanyarwanda. Leo yanahifadhi zaidi ya watu laki moja kutoka Kongo, Burundi, Rwanda, Somalia na kwingineko. Katika masoko yake Kiswahili ni lugha ya mama muuza mboga na ya fundi cherehani. Watu wa Kivu walikuja nacho kama walivyokuja na sufuria zao.

Mwalimu wa Kiswahili wa eneo hili hukuta darasani mwake majina kadhaa ya mtihani. Mtoto wa Kinyankole anajua "ekigyezo", na ndugu yake wa Kiganda "ekigezo". Mtoto wa Kinyarwanda anasema "ikizamini", lililotokana na Kifaransa. Mtoto wa Kongo analitumia lile la Kifaransa lenyewe, maana katika nchi yake Mtihani wa Taifa wa mwisho wa sekondari, ulioanzishwa mwaka 1967, unajulikana kwa jina la Kifaransa. Kila mmoja akidhani ana neno lake peke yake, mwalimu aweza kuwaonyesha udugu wao.

Tulichukue "ekigezo". Linatokana na kitenzi cha Kibantu kinachomaanisha kupima, kulinganisha na kujaribu. Kiswahili kinacho kitenzi hicho hicho, "-geza", na tumekiundia jina "kigezo", yaani kipimo au mfano wa kulinganishia. Hivyo Mganda na Mnyankole wanapotaja mtihani wanatamka neno ambalo Mswahili analitumia kwa kile kinachotumika kupimia. Mwanafunzi wa Mbarara anayesoma katika kitabu cha Kiswahili kwamba "kigezo ni kigumu" ataelewa kwamba mtihani ni mgumu, ilhali mwandishi amekusudia kipimo. Ni mtego, lakini ni mtego wenye mafunzo: hakuna ekigezo pasipo kigezo. Lugha zetu mbili zikiwekwa pamoja zinasema jambo ambalo kila moja peke yake imelisema nusu.

5. Ni fedha gani inayopimwa?

Kwa muda mrefu mitihani mikubwa ya sekondari katika Afrika Mashariki ilitoka Cambridge. Baraza la Mitihani la Afrika Mashariki liliundwa mwaka 1967. Tanzania ilijitoa mwaka 1971 na kuunda baraza lake mwaka 1973; Kenya ikafuata mwaka 1980, na Uganda mwaka 1983. Nchi zikawa na mizani zao wenyewe. Lakini lugha ya mizani hazikuamua kwa namna moja. Nchini Tanzania mtoto wa shule ya msingi ya serikali hutahiniwa kwa Kiswahili. Nchini Uganda mtihani wa mwisho wa shule ya msingi hufanywa kwa Kiingereza, hata katika hisabati na sayansi.

Kwa mtoto wa Nakivale jambo hilo lina uzito wake. Mtoto aliyekuwa darasa la sita huko Kongo, anayejua kugawanya sehemu na kutaja viungo vya mwili kwa Kiswahili na Kifaransa, aweza kurudishwa chini madarasa kadhaa kwa kuwa hajui Kiingereza. Akaketi na watoto wadogo wenye nusu ya kimo chake, akaona haya, na pengine akaacha shule kwenda kuchunga au kuuza sokoni. Hatusemi kwamba asifundishwe Kiingereza. Aishiye Uganda anakihitaji, na kumnyima si kumsaidia. Tunalosema ni kwamba aliyempima hakupima fedha, alitazama chapa. Chapa ni lugha ya nchi, fedha ni maarifa. Mpimaji wa Athens aliagizwa kutafuta kilichomo ndani ya sarafu, na asipofanya hivyo adhabu ilikuwa yake.

Tukumbuke pia kwamba mtoto huyo, au mzazi wake, amekwisha kufanya mtihani mwingine kabla ya huo. Chini ya Sheria ya Wakimbizi ya Uganda ya mwaka 2006, anayeomba hifadhi huweza kuhojiwa, na kamati maalumu huamua kama anastahili. Maswali yake hayako mbali na yale ya Athens wala na yale ya Madina: jina lako nani, baba yako nani, kijiji chako kipi, ulikimbia nini, nani anakujua? Aliyepita katika moto huo anapokuja kuketi mbele ya karatasi ya maswali, neno "mtihani" kwake si neno la shule tu. Mwalimu anayelifundisha neno hilo kwa kusema kwamba ni "maswali ya kupima wanafunzi", akaishia hapo, anafundisha nusu ya maana, tena ile nusu ambayo wanafunzi wake wanaijua kidogo zaidi.

Sisi wa Kiswahili tusidhani kwamba lawama hiyo inawahusu walimu wa Kiingereza peke yao. Mwaka 2022 serikali ya Uganda iliamua kwamba Kiswahili kiwe lugha rasmi na kifundishwe shuleni kwa lazima. Tangu hapo nasi tumepewa mizani mkononi. Mtoto wa Bukavu au Uvira anakuja na Kiswahili cha Kongo, chenye miundo na msamiati wake. Je, tutamwambia kwamba hajui Kiswahili? Lugha ambayo mama yake alimbembelezea tutaiandikia sifuri? Ni wajibu wetu kumfundisha Kiswahili sanifu, kwa sababu mitihani na vitabu vinakitaka. Lakini hatuna ruhusa ya kuita taka kile ambacho ni fedha yenye chapa nyingine.

6. Mapendekezo

Kutokana na hayo tunapendekeza mambo manne kwa walimu wenzetu.

La kwanza, neno "mtihani" lifundishwe pamoja na picha yake ya moto na fedha, na maana zake zote mbili zitajwe. Wanafunzi waulizwe ni methali zipi zinazohusu kupima ukweli wa kitu. Ile inayotuonya tusidhani ving'aavyo vyote ni dhahabu haitakosa kutajwa.

La pili, majina ya mtihani katika lugha za wanafunzi yaandikwe ubaoni kabla ya lile la Kiswahili. Somo la "ekigyezo" na "kigezo" latosha kipindi kizima, nalo litamwonyesha Mnyankole kwamba Kiswahili si lugha ya kambini bali ni ndugu wa lugha yake.

La tatu, mwalimu asiyekwisha kuandika kigezo asiandike mtihani. Aamue mapema ni alama ngapi za maudhui na ngapi za usanifu wa lugha, kisha azihesabu mbalimbali. Hivyo mtoto wa Kongo anayejibu swali la ufahamu kwa usahihi, lakini kwa miundo ya kwao, atapata haki yake upande mmoja na mafunzo yake upande wa pili. Kadhalika, kwa kuwa tumeona jinsi watahini wa mwaka 1935 walivyojipinga wenyewe, karatasi chache zisomwe na walimu wawili kabla ya zote kusahihishwa.

La nne, maneno "mtahini" na "mtahiniwa" yafundishwe pamoja siku moja. Tofauti yao ni silabi moja ya kutendwa. Anayeshika kalamu nyekundu leo atakuwa mtahiniwa kesho, kama si mbele ya mkaguzi, basi mbele ya wanafunzi wake watakapokua na kukumbuka jinsi alivyowapima.

Hayo ndiyo tuliyoona yafaa kuyaleta mbele ya wasomaji wa jarida hili. Walio na maneno mengine ya mtihani katika lugha za kwao, hasa za magharibi mwa Uganda na za Kivu, tunawaomba wayaandike pamoja na maana ya mizizi yake na kutuletea, ili orodha hii ipate kukamilika na kutumika madarasani.